Koti lile jekundu lina wenyewe

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika ukurasa wako wa barua. Najua barua yangu ni ndefu, lakini Jumapili iliyopita mpira wa miguu mliupa kurasa sita, nami naomba robo tu ya hapo.

Nina neno juu ya makala yenu ya wiki mbili zilizopita kuhusu filamu ya Schindler's List, ile isiyo na rangi, ya Mjerumani aliyewaokoa Wayahudi wakati wa vita vya Hitler. Kijana wako ameandika vizuri, sina ugomvi naye. Amemtaja mwongozaji, Steven Spielberg. Amewataja Liam Neeson na Ben Kingsley walioigiza, Janusz Kamiński aliyepiga picha, hata John Williams wa muziki. Alipofika kwenye koti jekundu la yule mtoto, ambalo kila aliyeiona filamu analikumbuka hata kama mengine yote kayasahau, akaandika kwamba ni "mbinu ya kompyuta", akapita zake.

Sawa, rangi iliwekwa baadaye, sikatai. Lakini kompyuta haipimi mabega ya mtoto wa miaka mitatu. Yule mtoto alivalishwa, na aliyesimamia mavazi ya filamu ile ana jina: Anna Biedrzycka-Sheppard, mwanamke wa Poland. Kwenye makala yenu hayumo.

Mtaniuliza yananihusu nini. Mimi ni fundi. Nilianza na cherehani ya miguu mwaka 1983, kibarazani Ilala, nashona sare za shule na magauni ya kipaimara. Tangu 1998 nawavalisha waigizaji, kwanza vikundi vya jukwaani, baadaye hizi filamu zetu za video. Walimu wa sanaa za maonyesho huyaita mavazi hayo maleba, neno zuri sana. Kazini hawalitumii. Kazini naitwa "mama wa nguo", na jina hilo hutamkwa zaidi pale kifungo kinapokatika.

Filamu yenyewe niliiona mara ya kwanza mwaka 1996. Marehemu mume wangu alikuwa na duka la kukodisha mikanda ya video, akaja nayo nyumbani usiku, mikanda miwili kwa sababu mmoja haukutosha. Mtoto wetu wa mwisho alikuwa na surua, amelala pale pale sebuleni, tukaangalia bila sauti. Kiingereza chenyewe sikuwa nacho cha kutosha, kwa hiyo sikupoteza kitu. Nilibaki na nguo.

Basi sikiliza filamu inavyoanza. Kabla uso wa Schindler haujaonekana sawasawa, tunaona mikono. Inachagua tai, inailinganisha na suti. Inafunga vifungo vya mikono ya shati. Inachukua noti. Mwisho kabisa inachomeka beji ya chama cha Nazi kwenye ukosi wa koti. Bila kusikia neno hata moja nilijua kwamba huyu bwana anakwenda mahali kuvua samaki wakubwa, na suti ndiyo chambo. Nilimgusa mume wangu begani nikamwambia, mtu huyu mwongo. Akanijibu nitulie, filamu bado mbichi.

Tangu usiku ule nikawa nasubiri majina yanayopanda mwishoni. Ndivyo nilivyomjua huyo mama wa Poland.

Sasa niwaeleze kazi aliyoifanya, maana wengi hudhani filamu isiyo na rangi ni nafuu kwa fundi. Ni kinyume. Wewe Mhariri chukua kitambaa chekundu na kingine cha kijani, vyote vya rangi iliyokolea, uvitandike mezani, uvipige picha kwa simu, kisha uiondoe rangi picha hiyo. Mara nyingi utapata kijivu kimoja. Ulivyovitenganisha kwa macho vimeungana. Mama yangu ana picha ya ndoa yake, nyeusi na nyeupe, gauni linaonekana jeupe kama maziwa. Nilipokuwa msichana nilimwambia alipendeza na gauni jeupe. Akacheka. Lilikuwa la manjano, aliliazima kwa shangazi.

Kwa hiyo katika filamu ile kila nguo ilibidi ifikiriwe kwa weusi na weupe wake, ijitenge na ngozi ya mvaaji na ukuta ulio nyuma yake. Kuta zilikuwa mikononi mwa Mpolandi mwingine, Allan Starski, ambaye naye alizifanya ziwe nyeusi zaidi au nyeupe zaidi kuliko watu ili watu wasimezwe. Kambi ya Płaszów, walimofungwa Wayahudi wa Kraków, hawakuipiga picha mahali pake halisi kwa kuwa sasa maghorofa yanaonekana kutoka hapo. Starski aliijenga upya ndani ya machimbo ya mawe yaliyoachwa, jirani na pale, akifuata ramani za zamani: mabanda 34 na minara saba ya walinzi. Yeye na mama mwingine, Ewa Braun, aliyepanga vyombo na samani, walipata tuzo ya Oscar mwaka 1994. Sheppard aliteuliwa kuwania ya mavazi, ikaenda kwa Gabriella Pescucci na magauni ya matajiri wa New York ya miaka ya 1870. Sisemi hayakustahili. Nasema tu kwamba gauni la hariri likipita, hata kipofu hugeuka, na koti lililochakaa inavyotakiwa halitazamwi na mtu.

Nguo alizitoa wapi? Hapa ndipo nilipocheka peke yangu niliposoma. Filamu ilipigwa Kraków kuanzia Machi 1993. Watu wa kupita nyuma ya picha walikuwa kama 20,000, na wote wavae kama mwaka 1939 hadi 1945. Wakaweka matangazo kwamba wananunua nguo za zamani. Hali ya maisha Poland wakati ule ilikuwa ngumu, ukomunisti ndiyo kwanza umeondoka, na watu wakatoa makabatini nguo zao za miaka ya 1930 na 1940, wakauza. Yaani mitumba, Ndugu Mhariri! Tofauti ni kwamba sisi tunavaa ya kwao, na wao walivaa ya babu zao.

Mimi huwa nafika soko la Karume kabla jua halijachomoza, siku belo linapofunguliwa, na wenzangu wanagombea nguo za daraja la kwanza zisizo na doa. Mimi nagombea zilizokataliwa. Nguo iliyovaliwa miaka kumi na mtu mmoja imemshika tabia. Kiwiko kimejikunja kwa namna yake. Kola imelika upande mmoja kwa sababu mwenyewe alikuwa akibeba mzigo bega hilo. Mfuko wa kulia umelegea kuliko wa kushoto. Mambo hayo ukitaka kuyatengeneza kwenye nguo mpya utatoa jasho: unailoweka, unaweka mawe mifukoni, unaianika na mawe yake mpaka ikauke imening'inia. Unapitisha msasa kwenye pindo na magoti. Unaichovya kwenye chai iliyochacha. Unaifua na udongo, unaisuuza, unaifua tena. Siku tatu kwa shati moja. Kuna mwongozaji mmoja, jina nalihifadhi, aliyenipa saa moja nimvalishe mwigizaji wa mtu aliyelala kituo cha basi miezi minne. Nikaomba hadi kesho. Akatoa shati kwenye mfuko wa plastiki, na katika filamu ile hadi leo mikunjo ya kiwandani inaonekana kifuani, minne, iliyonyooka kama mistari ya daftari.

Miaka kumi hivi baadaye Sheppard aliteuliwa tena, kwa The Pianist ya Roman Polański ya mwaka 2002, ya mpiga piano Myahudi wa Warsaw, na kuta zikiwa tena za Starski. Ile niliitazama na sauti. Kuna mahali baba wa familia anasoma gazetini amri ya Wajerumani kwa Wayahudi wa Warsaw: kitambaa cheupe mkono wa kulia, juu yake nyota ya buluu ya Daudi, na vipimo vyake. Fundi yeyote hapo atajikunyata. Amri ya kuua, imeandikwa kwa sentimita. Na angalia usahihi: watu wengi wanadhani Wayahudi kila mahali walivaa nyota ya njano. Hiyo ilikuwa Ujerumani, Ufaransa na kwingineko. Warsaw na Kraków ilikuwa buluu juu ya nyeupe, tangu Desemba 1939, na kila mtu ajitafutie kitambaa chake mwenyewe. Ukikosea hapo umeharibu filamu nzima mbele ya wanaokumbuka, na wakati ule waliokumbuka walikuwa hai.

Filamu hiyo tena inageukia koti. Szpilman, mpiga piano wa redio, amejificha kwenye magofu, suti yake tumeiona ikiisha mwilini mwake kidogo kidogo mpaka hujui ilikuwa rangi gani. Ofisa wa Kijerumani, Wilm Hosenfeld, anamsikia akipiga piano, anamwachia chakula na, anapoondoka, anamkinga na baridi kwa kumpa kabuti lake la jeshi. Vita vinaisha. Szpilman anatoka mbio kuwapokea askari wa Poland, watu wa nchi yake, nao wanamfyatulia risasi. Wameona kabuti. Anapiga kelele kwamba yeye ni Mpolandi, na wanapomuuliza kwa nini basi amevaa koti lile, anawajibu kwamba anasikia baridi. Niambie ni waandishi wangapi wa hadithi wangeweza kuweka haya yote katika vazi moja: aliyempa uhai na aliyetaka kumwua ni kabuti lile lile.

Sheppard ameshona na mengine, sikatai. Alivalisha wanajeshi wa Band of Brothers mwaka 2001, Inglourious Basterds mwaka 2009 pamoja na lile gauni jekundu la msichana mwenye sinema, na mwaka 2014 akamvalisha Angelina Jolie katika Maleficent, akateuliwa mara ya tatu akiwa na Jane Clive. Binti yangu anaipenda hiyo ya mwisho kwa sababu ya pembe. Nimemwambia pembe ni za Rick Baker, fundi wa sura za bandia. Hataki kusikia.

Lakini nilichokaa chini kuandika ni hiki kinachofuata, na kijana wako angekiona kama angemtafuta mwenye koti.

Gheto la Kraków (si hili wanalolisema vijana wetu, chumba kimoja na godoro) lilikuwa mtaa uliozungushiwa ukuta huko Podgórze, ng'ambo ya mto Wisła, Wayahudi wakarundikwa humo Machi 1941. Mwezi kama huo mwaka 1943 likasafishwa kwa bunduki kwa siku mbili. Watengeneza filamu walifika Kraków miaka hamsini kamili baadaye, na kwa sababu Podgórze ilikuwa imebadilika, mitaa ya gheto waliipiga picha Kazimierz, sehemu nyingine ya jiji hilo hilo.

Katika gheto hilo alikuwepo mtoto aliyezaliwa Kraków mwaka 1938, Roma Liebling, ambaye baadaye dunia ilimjua kama Roma Ligocka. Bibi yake alikuwa amempa koti la baridi, jekundu, na waliomjua walimtambua kwa koti hilo. Yeye na mama yake waliponyoka, wakafichwa na familia ya Kipolandi. Baba yake alipitia kambi, akarudi, akafariki mwaka 1946. Baba huyo alikuwa ndugu wa baba yake Roman Polański, yule yule wa The Pianist, ambaye naye alikuwa mtoto katika gheto hilo. Inajulikana wazi kwamba Spielberg alimwomba Polański aongoze Schindler's List, naye akakataa, ilikuwa karibu mno na mwili wake.

Na huyo Roma alikuja kuwa nani? Fundi wa maleba. Alisoma uchoraji na mandhari ya jukwaa katika Chuo cha Sanaa cha Kraków. Mwaka 1965 alihamia Ujerumani Magharibi, akaishi Munich, akabuni mavazi na mandhari ya majumba ya maigizo, ya filamu na ya televisheni. Miaka na miaka kazi yake ni kuamua nani avae nini ili watazamaji wamjue kabla hajafungua mdomo. Mwaka 1994 filamu ya Spielberg ilipooneshwa Kraków, alikuwepo ukumbini. Katikati ya weusi na weupe wote ule akapita mtoto amevaa koti jekundu, mitaa ya Kraków, Wajerumani wakipiga risasi.

Jitie mahali pake kidogo. Mimi nimejaribu, nikashindwa kuendelea kushona siku hiyo.

Sitaki mtu anisome vibaya. Filamu haikumwiga yeye. Kitabu cha Thomas Keneally cha mwaka 1982, ambacho filamu imetoka humo, kina mtoto wake wa koti jekundu, anaitwa Genia, na mtoto wa filamu anakufa. Baadaye tunaliona koti lake juu ya mkokoteni wa maiti. Ligocka aliishi. Alichokifanya ni kuandika kitabu cha maisha yake, kikatoka Ujerumani mwaka 2000, na jina lake ni hilo hilo, la msichana wa koti jekundu. Yaani kulikuwa na watoto zaidi ya mmoja wenye makoti mekundu. Kwa nini kusingekuwapo? Bibi anayemshonea mjukuu wakati wa baridi hachagui kijivu.

Hilo ndilo lililonisumbua kwenye maneno "mbinu ya kompyuta". Koti lile lina bibi aliyelitoa, lina mtoto aliyelivaa na kukua mpaka akawa mbunifu wa mavazi, lina mbunifu mwingine aliyelirudisha mtaani miaka hamsini baadaye, wote watu wa Poland, wawili kati yao wa taaluma yangu.

Niongeze moja la mafundi wenzangu tu, wengine waruke. Kraków wakati wa vita kulikuwa na kiwanda cha Julius Madritsch, Mwaustria, ambako Wayahudi walishona sare za jeshi la Kijerumani. Kukaa kwenye cherehani kwake kuliwaokoa wengi wasipelekwe kwenye kifo, na Israeli ilimpa heshima ya Mwenye Haki kati ya Mataifa. Meneja wake, Raimund Titsch, alipiga picha kwa siri ndani ya Płaszów, na picha hizo zipo hadi leo. Huyo naye angefaa makala, mkipata nafasi kati ya timu mbili za Kariakoo.

Ombi langu ni dogo. Kila Jumapili mnaweka kisanduku cha filamu ya wiki: mwongozaji, waigizaji, dakika. Ongezeni mistari miwili, mavazi na mandhari. Kwa filamu za nje majina yapo mwishoni, mwambie kijana asizime mapema. Kwa zetu za hapa, apige simu aulize. Mara nyingine jina halikuwekwa, mtu alilipwa nauli na sahani ya wali, lakini yupo na atapokea.

Na msahihishe jambo moja kwenye barua yangu kabla ya kuichapa. Mwaka 2011 niliwaandikia kuhusu ushuru wa mitumba, mkaitoa kwa jina la "Bwana Fundi, Ilala". Mume wangu alikuwa na miaka mitatu kaburini, na majirani walikuja kuuliza.

Mimi ni mama. Andikeni hivyo.

Mama wa nguo,
Ilala, Dar es Salaam